Ukuta wa Nyuma ya Kabati

Shangazi yangu anaitwa Nusu. Si jina alilopewa na wazazi wake, ila hilo la wazazi siku hizi linatumiwa hospitali tu. Nusu alipewa na bibi harusi mmoja aliyekasirika, na ngoja nianzie hapo, maana ukijua jina lilivyokuja umeijua kazi yake yote.

Wakati huo alikuwa mpiga picha kwenye studio ndogo, chumba kimoja chenye pazia la bluu na kistuli kinachoyumba. Siku za kawaida picha za vitambulisho, Jumamosi harusi. Kwenye vitambulisho hakuwa na shida, kwa sababu sheria ni moja tu, uso mbele na masikio yote mawili yaonekane. Lakini akipewa kamera ya video aende harusini, akili yake inahama. Ile taa kubwa ya studio, inayomfanya kila mtu aonekane kama aliyefumaniwa, alikuwa anaiacha kwenye mfuko. Yeye anatafuta dirisha. Basi huyo bibi harusi alimweka kando ya dirisha, mwanga ukamgusa shavu moja, la pili likabaki gizani, na jicho la upande wa giza likawa linang'aa kama maji ndani ya mtungi.

Wiki iliyofuata bibi harusi alikuja studio na mama yake na mama zake wadogo wawili.

"Uso wangu uko wapi?"

"Si huo hapo, dada."

"Hii ni nusu! Mimi nimepambwa uso mzima tangu saa kumi na moja alfajiri, wewe unaniletea nusu? Hiyo nyingine umempa nani?"

Shangazi akaachishwa kazi siku hiyo hiyo. Kazi ikaenda, jina likabaki.

Ila kwenye ile harusi alikuwepo mjomba wa bwana harusi, mwalimu wa hesabu, mtu wa miwani minene, ambaye aliomba aoneshwe ile video mara tatu. Watu wakadhani amempenda bibi harusi. Kumbe alikuwa na hadithi zake ameziandika kwenye kurasa zilizobaki za madaftari ya wanafunzi, na hakujua azifanye nini. Akamtafuta shangazi mpaka kwake, akamkuta anafua. Hakumsaidia hata kusuuza. Alisimama pale pale kwenye povu akasema, "Nataka kutengeneza filamu. Yote iwe kama lile shavu."

Ndivyo walivyoanza. Hawakuwa na kampuni, hawakuwa na mfadhili, na mpaka leo hawana. Mwalimu anaandika na kuongoza, shangazi anapiga picha, fundi redio wa jirani anashika sauti. Wachezaji ni watu wenye kazi zao. Katika miaka tisa wametoa filamu fupi nne, za dakika kumi, kumi na tano, na kila moja wameipiga Jumamosi kwa Jumamosi, maana Jumapili watu wamechoka na siku nyingine watu wako kazini.

Namna yake ya kupiga picha inawashinda wengi uvumilivu. Hapendi taa. Vifaa vyake ni kamera moja, stendi ya miguu mitatu ambayo mguu mmoja umefungwa kwa mpira wa baiskeli, shuka jeupe, sinia la bati, na kioo kilichotolewa kwenye mlango wa kabati la nguo. Mwanga ukiwa mdogo anauvuta kwa shuka, ukiwa mwingi anauzuia kwa blanketi. Kabla ya kupiga picha kwenye chumba, huenda akakaa humo sakafuni kutwa nzima, peke yake, na kipande cha chaki. Mwanga wa dirishani ukisogea, anachora alama. Saa tano umefika hapa, saa nane umefika pale. Jioni sakafu imejaa mistari kama watoto wamecheza.

Kamera yake haikai juu. Anaishusha hadi usawa wa mtu aliyekaa. Halafu haitembei. Filamu za wengine kamera inaruka, inazunguka, inapanda ukutani, lakini yake imetulia tuli. Mwalimu aliwahi kumwuliza kwa nini.

"Kamera ni mgeni," shangazi alisema. "Mgeni mwenye adabu hazunguki-zunguki nyumba ya watu. Anakaa alipoonyeshwa."

Na neno lake kubwa ni "subiri kidogo." Kila mtu yuko tayari, chai imemiminwa, machozi yameshaanza kumtoka mchezaji, yeye ameweka jicho kwenye kamera, "subiri kidogo", kwa sababu wingu limepita. Dereva wa lori aliyecheza baba kwenye filamu ninayotaka kuisimulia alisema, "Huyu dada angekuwa trafiki, tungezeekea njia panda."

Hiyo ndiyo ilikuwa filamu yao ndefu ya kwanza. Saa moja na nusu. Hadithi ni ya binti aliyeondoka kwao kwa ugomvi na kurudi baada ya miaka kumi, akamkuta baba yake peke yake, hasemi naye. Binti alichezwa na muuguzi, msichana mchangamfu ambaye mara nyingi alikuja akiwa ametoka zamu ya usiku na kusinzia mpaka aitwe. Mwalimu alisema mtu asimwamshe, uchovu huo huo ndio anaoutaka.

Nyumba ya baba ilikuwa nyumba ya bibi yangu, mama yake shangazi, ninapoishi mimi. Shangazi aliichagua kwa ajili ya sebule. Ukuta wake ulikuwa umekula moshi wa taa na wa jiko tangu enzi za marehemu babu, ukawa na weusi wa chai iliyokolea. Dirisha lina vioo vinne vilivyojaa vumbi, na mwanga ukipita pale ulikuwa unaingia taratibu kama umechujwa. Ukimkalisha mtu mezani mbele ya ukuta ule, unaona nusu ya uso wake tu, iliyobaki inamezwa. Shangazi alisema amekulia kwenye chumba kile na hajawahi kuona chumba kingine chenye haya kama kile.

Bibi naye alipenda ugeni. Dereva alipewa akalie kiti cha babu, kile cha mikono, na bibi akamtahadharisha mbele ya watu wote.

"Hicho ni kiti cha marehemu mume wangu. Ukikivunja, utanioa."

"Basi nakaa kwa uzito wote, mama," dereva akajibu, na siku hiyo Mwalimu alipoteza nusu saa nzima kungoja watu waache kucheka.

Ikabaki tukio la mwisho. Baba na binti wako mezani, na baba hatimaye anasema naye. Nusu ya kwanza, ile ya kimya, waliipiga Jumamosi moja, wakaimaliza vizuri. Nusu ya pili wakapanga Jumamosi inayofuata, saa tisa alasiri, mwanga ukifika mezani. Haikuwezekana kuahirisha. Dereva alikuwa anaondoka na lori Jumapili alfajiri, safari ya miezi minne, na ukumbi wa kuonyeshea filamu walikuwa wameshaukodi kwa mwezi unaofuata. Wasipoipata siku ile, filamu ya saa moja na nusu ingekuwa haina mwisho.

Sasa katikati ya Jumamosi hizo mbili kuna Jumatano.

Jumatano bibi alirudi kutoka dukani na ndoo ya rangi nyeupe. Akaniambia nivue viatu nipande mezani, kwa sababu yeye hafiki juu na mimi nina mikono mirefu.

"Watu watajaa ukumbini," alisema, "waone ukuta wangu na masizi yake, waseme huyu mama hana watoto? Paka, mjukuu wangu. Juu kwenda chini. Usiufute, upake."

Tukapaka siku mbili, mkono wa kwanza na wa pili. Ijumaa akaosha vioo vya dirisha kwa sabuni na kuvifuta kwa gazeti mpaka ndege akaja kujigonga. Halafu akapiga deki, na zile alama za chaki zikaenda na maji machafu. Mimi nilikumbuka shangazi na ukuta wake nikiwa nimeshapaka zaidi ya nusu, na ukuta uliopakwa nusu ni mbaya kuliko wowote, kwa hiyo nikaendelea. Nilidhani labda hatajali sana.

Jumamosi saa sita mchana shangazi aliingia na stendi begani, akasimama mlangoni. Mwalimu aliyekuwa nyuma akamgonga mgongoni. Nyuma ya Mwalimu dereva, nyuma ya dereva muuguzi na fundi redio, wote wamekwama kwenye mlango mmoja wanachungulia.

Chumba kilikuwa kinawaka. Mwanga uliingia kwenye vile vioo na kugonga ukuta, ukuta ukaurudisha, na hakukuwa na kona hata moja ya kujificha. Kila kitu kilionekana, mpaka viraka vya mto wa kiti.

Bibi alikuwa amesimama katikati amevaa gauni lake la kutokea, mikono ameiweka kiunoni, anangoja kusifiwa.

"Mnaonaje?"

Fundi redio akakohoa.

"Mama," Mwalimu akasema, na sauti yake ilikuwa nyembamba kama ya mwanafunzi, "Jumamosi iliyopita ukuta huu ulikuwa mweusi. Filamuni baba anakaa hapa kwenye ukuta mweusi. Sasa ananyanyua kikombe, ukuta mweusi. Anakishusha, ukuta mweupe. Watu watasema nini?"

"Watasema umepakwa."

"Kwa muda wa kunywa funda moja, mama?"

Bibi akamtazama shangazi. Ile furaha usoni pake ikaanza kushuka. "Nimekuharibia?" akauliza.

Nilitaka kujificha chini ya meza. Shangazi aliweka stendi chini. Akaenda akaugusa ukuta kwa kiganja, akakitazama kiganja. Halafu akakaa sakafuni, pale pale anapokaaga.

Mwalimu yeye hakuweza kukaa. Alitaka tupake majani ya chai yaliyochemshwa. Alitaka mkaa. Muuguzi akasema labda wapigie mlangoni, dereva akasema labda yeye augue aache safari, ila bosi wake angemponya kwa simu moja tu. Wakawa wanasema wote kwa pamoja, na bibi amekaa kwenye kiti cha babu, anakunjakunja pindo la gauni lake.

"Mama," shangazi akasema kutoka sakafuni, "kabati la vyombo mlilisogeza?"

"Kabati lile? Na vyombo vyote vile? Tulipaka kulizunguka."

Shangazi akanyanyuka, akachungulia nyuma ya kabati la vyombo, shavu lake limegusa ukuta. Alipotoa kichwa alikuwa na utando wa buibui puani na anacheka.

"Ukuta wetu upo," akasema.

Tulitoa vyombo sahani kwa sahani. Kabati lilikataa, kisha likakubali kwa kelele. Nyuma yake kulikuwa na ukuta wa zamani, upana wa mikono miwili iliyonyooshwa, mweusi vilevile, na chini yake vijiko vitatu, kiatu kimoja cha mtoto, na chujio la chai ambalo bibi alikuwa hasemi na jirani kwa sababu yake mwaka wa pili sasa.

"Lo," bibi akasema, akalitia chujio mfukoni. "Hili tusilitangaze."

Shangazi akamwelekea Mwalimu. "Baba anapaka."

"Anapaka nini?"

"Anapaka ukuta. Binti amerudi, yeye hajui kusema. Siku ile wamekaa kimya. Kesho yake binti anatoka chumbani anamkuta mzee anamalizia kupaka sebule. Amebakiza hapa tu."

"Kwenye daftari hakuna kupaka rangi, Nusu. Nimeandika mistari kumi na miwili, baba anaomba radhi."

"Mtu aliyenyamaza miaka kumi anapata wapi mistari kumi na miwili? Wewe mtazame mama. Amesikia wageni wanakuja, amefanya nini? Amesema chochote?"

Mwalimu akamtazama bibi, akautazama ukuta, akavua miwani akaifuta. Akalifunga daftari.

Shida mbili zikabaki. Rangi ilikuwa imebaki kama robo kopo. Na ukuta ule ulikuwa mmoja, ukishapakwa umepakwa. Hakuna kurudia. Shangazi, ambaye hupiga tukio moja mara nane, mara tisa, safari hii alikuwa na moja tu.

"Mwanga unafika kwenye kabati saa ngapi?" Mwalimu akauliza. "Alama zimefutwa."

"Saa kumi kasorobo," shangazi akasema. "Nimezaliwa humu."

Tukangoja. Hakuna aliyelalamika. Dereva alifanya mazoezi hewani kwa brashi kavu. Muuguzi akalala kwenye mkeka wa koridoni. Shangazi akashusha kamera hadi usawa wa kiti, akafunga upya ule mpira wa baiskeli, akakunja shuka lake jeupe na kuliweka kando, maana leo ukuta ndio shuka. Bibi akaambiwa anaweza kutazama kutoka mlango wa jikoni, ila asitoe sauti.

"Mimi? Mimi hata kupumua sipumui," bibi akasema.

Saa kumi kasorobo mwanga ukatambaa ukafika. Shangazi jicho kwenye kamera. "Subiri kidogo," akasema. Tukasubiri. "Haya."

Dereva akachovya brashi, akaanza. Sasa yule bwana maisha yake yote amepaka nini? Hajawahi. Alikuwa anaosha lori. Brashi ilikwenda kushoto, ikaja kulia, ikazunguka duara, rangi ikamchuruzika mpaka kwenye kiwiko. Ukuta mweusi ukawa unapotea vibaya vibaya, na hakuna ukuta mwingine.

Bibi alivumilia kwa muda ambao ningeweza kuhesabu mpaka ishirini.

"Juu kwenda chini, baba! Juu kwenda chini! Unaufuta au unaupaka?"

Fundi redio akafumba macho. Mwalimu akanyanyua mkono aseme kata. Lakini shangazi, bila kutoa jicho kwenye kamera, alinyoosha mkono wake wa kushoto nyuma na kumshika Mwalimu kifundo cha mkono. Hakumwachia.

Dereva alisimama, mgongo kwetu, brashi inadondosha. Ndipo muuguzi akaingia kutoka koridoni, nywele zimesimama upande mmoja kwa usingizi wa kweli, akatazama kile kiraka, akamtazama mzee. Akamchukua mkono ule wenye brashi kama anavyomshika mgonjwa.

"Baba," akasema. "Juu kwenda chini."

Wakapaka pamoja ule mstari wa mwisho. Mzee akageuka, ana tone jeupe kwenye nyusi, na akacheka. Alikuwa anamcheka bibi, najua. Lakini ukimwona utadhani ni kicheko kilichowekwa ndani miaka kumi. Dirisha lilikuwa mbele yake, ukuta mweupe ubavuni, na uso wake ulionekana wote, mashavu yote mawili, makunyanzi yote, meno na pengo lake. Hakuna kilichomezwa.

Halafu dereva akaenda mezani, ambako birika lilikuwepo. Na kamera ikamfuata. Niliona mkono wa shangazi unaigeuza, taratibu sana, mpaka mezani. Sijawahi kuona kamera yake inatembea. Mwanga wa moja kwa moja haukufika mezani saa ile, ila ukuta uliugawa ukafika. Mzee akavuta kiti cha binti, akamimina. Ile mistari kumi na miwili yote ikabaki daftarini.

"Kunywa, mwanangu," akasema.

Wakanywa. Shangazi akawaacha wanywe mpaka mwanga ukapanda dari.

"Kata," Mwalimu akasema, lakini alisema kwa kunong'ona, na hakuna aliyesogea.

"Mmepata?" bibi akauliza kutoka jikoni.

Shangazi alimwachia Mwalimu mkono. Akageuka, na pale jicho lilipokuwa limegandamizwa na kamera palikuwa na duara jekundu, limelowa.

"Tumepata, mama. Tumepata yote."

"Uso mzima?"

"Uso mzima."

"Kumbe unaweza," bibi akasema. "Siku zote hizo unawatesa watu."

Dereva akaanza kucheka tena, muuguzi akarusha kitambaa juu, Mwalimu akawa anampa kila mtu mkono, na mimi pia akanipa, na wote tukawa na rangi kwenye viganja.

Siku ya ukumbini bibi alikaa mstari wa mbele. Ile sauti iliposikika, "Juu kwenda chini, baba!", ukumbi mzima ulipasuka kwa kicheko, naye akasimama akageukia watu. "Huyo ni mimi," akasema. "Niko jikoni, hamnioni." Wakampigia makofi yeye kabla hata filamu haijaisha, na shangazi, aliyekuwa amesimama nyuma kabisa karibu na mlango, alipiga mluzi kwa vidole.

Dereva aliporudi na lori lake alikuja kututembelea. Akauliza mbona kabati la vyombo liko koridoni, limeziba nusu ya njia, watu wanapita kwa ubavu.

"Ulitaka lirudi?" bibi akamwuliza. "Lifiche ukuta ulioonekana kwenye sinema?"

Dereva akapita kwa ubavu, tumbo limevutwa ndani, akaenda kukaa kwenye kiti cha babu, kwa uangalifu.